Ni nani aliona kuku? Vitabu juu ya ufundi wa sinema, tangu ukoloni mupaka leo



Katika vijitabu vya namna hii tumezoea kukutana na ngoma, mahari, kutawazwa kwa mwami, methali na hadithi za usiku. Kwa hiyo mutu anaweza kushangaa na kuuliza: sinema inatafuta nini hapa? Si ililetwa na Wazungu, ndani ya sanduku, pamoja na jenereta? Ni kweli. Lakini wako wazee waliozaliwa mbele ya uhuru wa 1960 ambao wanaweza kukusimulia Matamata na Pilipili sawasawa wanavyokusimulia Sungura na Fisi: wanacheka, wanabadilisha sauti, wanasimama kuonesha namna yule munene alivyoanguka. Kitu kinachotoka mu kinywa cha babu na kuingia mu sikio la mujukuu kimekwisha kuwa mali ya jamaa.

Ila leo sitaongea sana juu ya filme zenyewe. Nataka kuongea juu ya vitabu: vile vilivyofundisha namna ya kutengeneza filme, na vile vilivyoeleza maisha na kazi ya watengenezaji wake. Sababu ni moja. Kabla ya Mukongomani kushika kamera, vitabu vilikuwa vimekwisha kuandikwa juu ya filme gani inamufaa. Na kitabu cha ufundi, ata kama kinaongea tu juu ya taa na lensi, ndani yake muna wazo juu ya mutu anayetazama. Ukikosa kulijua wazo lile, utalibeba bila kujua.

1. Kuku wa mukaguzi wa afya

Tuanze na kisa kimoja kidogo. Mukaguzi wa afya alitengeneza filme kwa ajili ya watu wa kijiji kimoja cha Afrika. Alitaka kuwafundisha kuondoa maji yanayolala mu makopo na mu vidimbwi, kusudi mbu wasizaliwe. Filme ilikwenda polepole sana: mutu anachukua kopo, anamwaga maji, anaweka kopo pembeni. Ilipokwisha, watazamaji waliulizwa: mumeona nini? Wakajibu: tumeona kuku.

Wazungu walishangaa. Hawakukumbuka kuku yeyote. Walirudia filme, picha kwa picha, na kumbe kuku alikuwamo kweli: alipita mbio kwa pembe moja ya picha, karibu segonde moja. Kisa hiki kilielezwa na John Wilson, na mwaka 1962 Marshall McLuhan wa Kanada alikiingiza mu kitabu chake The Gutenberg Galaxy, ambacho kilisomwa dunia nzima. Walikitumia kuonesha kwamba mutu asiyesoma maandishi hajui kutazama picha nzima, na hawezi kufunga vipande vyake kuwa hadithi moja.

Lakini ndani ya kisa kile kile muna neno lingine ambalo wengi wanalipita haraka: wanakijiji walipoulizwa zaidi, walisema ndiyo, mutu yule pia walimuona. Basi macho yao yalikuwa mazima. Walitaja kuku kwa sababu yeye peke yake alifanya jambo ambalo halikupangwa. Mutu anayemwaga maji polepole, polepole, ni habari gani kwa mama ambaye amebeba maji tangu utoto? Kwa maoni yangu, kosa lilikuwa la filme, na deni likaandikwa juu ya mutazamaji. Deni hilo njo tunalolifuata mu karatasi hizi.

2. Vitabu vya "kwa ajili ya Waafrika"

Kitabu kimoja cha mwanzo kabisa juu ya jambo hili kilizaliwa jirani yetu, mu Tanganyika. Kati ya Machi 1935 na Mei 1937, Waingereza walifanya jaribio kubwa la sinema ya mafundisho kwa Wabantu. Makao yalikuwa Vugiri, mu milima ya Usambara. Walitengeneza filme 35 juu ya kilimo, afya, posta, kodi na mambo mengine, wakazizungusha mu nchi za Afrika ya Mashariki na ya Kati. Maneno yaliwekwa mu sahani za sauti kwa lugha nyingi, na Kiswahili kilikuwamo. Mwaka 1937 viongozi wawili wa jaribio hilo, Notcutt na Latham, walitoa kitabu The African and the Cinema.

Tuseme haki: ni kitabu cha watu waliofanya kazi kwa bidii. Waliandika ata kwamba kijana Mwafrika mwenye akili anaweza kufundishwa kazi za chumba cha giza na za studio ya sauti. Lakini soma vizuri: kazi za kuosha picha na kusaidia mashine. Kuchagua hadithi, na kuamua kamera itazame wapi, hiyo ilikuwa kazi ya mwingine. Mikono yetu ilikubaliwa, macho yetu hapana.

Mwaka 1941 Mwingereza William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya afya mu Nigeria, aliandika makala ambamo wazo lile lilikuwa wazi zaidi. Ata kichwa chake kiliwaita watazamaji watu wa hali ya kwanza, maana yake wasioendelea. Sheria za mafundisho ya namna hii ni rahisi kuzikumbuka: filme iende polepole, kamera isitembeetembee, usiruke kutoka mahali hadi mahali, usifanye ujanja wa picha, jambo moja limalizike kabla ya lingine kuanza.

Kwa upande wa Kongo ya Wabeleji, mwanzo wa miaka ya 1950, L. Van Bever, aliyekuwa mu kazi ya picha na sinema ya serikali, alitoa kitabu Le cinéma pour Africains. Tazama neno moja tu mu kichwa hiki: pour, kwa ajili ya. Sinema "ya" Waafrika ilikuwa haijafikiriwa bado. Kulikuwa na filme za Wazungu, na kulikuwa na filme zilizochujwa na komisyo kusudi Mweusi aruhusiwe kuziona. Musingi wa mambo yote ulikuwa ule ule wa kuku: mutazamaji huyu ni mutoto, umukatie nyama vipande vidogo.

Sasa niulize ninyi ambao mulilala usiku pembeni ya moto. Bibi anaposimulia, anakwenda polepole? Sungura yuko porini. Neno moja tu, yuko nyumbani kwa mufalme. Amekufa, kumbe hakufa. Wimbo unaingia katikati, watoto wanaitika, hadithi inaendelea. Ni nani alipotea njia? Mutu aliyelelewa na hadithi kama hizi alikuwa amekwisha kujua kuruka kutoka mahali hadi mahali, kurudi nyuma na kuficha jambo mupaka mwisho. Alichokosa si akili ya sinema. Alikosa tu kuulizwa.

3. Mapadri, Matamata, na mutu aliyesimama pembeni ya picha

Mu Kongo yetu, filme nyingi za "kwa ajili ya Waafrika" zilitengenezwa na wamisionari. Walikuwa na vituo vitatu vinavyojulikana: Edisco-Films ku Léopoldville, Luluafilm ku Luluabourg (Kananga ya leo), na Africa Films hapa kwetu ku Bukavu, kazi ya Padri De Vloo wa Wapadri Weupe. Ku Luluabourg, Padri Albert Van Haelst wa Scheut alitengeneza visa vya Matamata na Pilipili, munene na mwembamba wake. Ku Léopoldville, Padri Alexandre Van den Heuvel alichukua swala mudogo wa hadithi za kwetu, Mboloko, akamufanya atembee mu filme za katuni. Huyu Mboloko ni ndugu ya Sungura wetu: mudogo wa mwili, mukubwa wa akili.

Kusudi la filme hizi lilikuwa kufundisha: usilewe, usiibe, tii wakubwa. Matamata alikosea kusudi sisi tujifunze. Lakini watu walicheka kwa namna yao, na kicheko hakiombi ruhusa. Mutu anaweza kumucheka Matamata, na anaweza pia kumucheka bwana mukubwa ambaye Matamata anamuigiza.

Tena, filme nyingi zilioneshwa bila sauti ya lugha ya watazamaji. Kwa hiyo pembeni ya kitambaa cheupe alisimama mutu wa kwetu, musemaji, na kazi yake ilikuwa kueleza. Njo huyu ninataka mumukumbuke mupaka mwisho wa makala. Padri alitengeneza picha, lakini maneno yaliyofika mu masikio ya watu yalikuwa ya musemaji. Alichagua pa kutia chumvi na pa kunyamaza. Kwa kweli alikuwa nusu ya filme. Na jina lake, mara nyingi, halimo mu kitabu chochote.

Wakati vitabu viliendelea kusema kwamba Mwafrika hawezi, Wakongomani walikuwa wameanza. Mwaka 1951 Albert Mongita, muchoraji na mutu wa teatre, alitengeneza La leçon du cinéma, maana yake somo la sinema. Ndiyo inahesabiwa kama filme ya kwanza ya Mukongomani. Mwaka 1953 Emmanuel Lubalu akafuata na Les pneus gonflés. Ata kichwa cha Mongita ni jibu: ninyi munatupatia masomo ya sinema, basi na mimi ninatoa somo.

Na vijana wa Léopoldville walitoa jibu lao bila kamera. Mu miaka ya 1950 walitazama filme za cowboy za Marekani, zile za mbio na risasi, ambazo sheria za "polepole" zingesema haziwafai. Wakazielewa mupaka wakajiita Bills, kwa sababu ya Buffalo Bill, wakavaa sawa cowboy, wakajitungia lugha yao ya mitaani, Hindubill. Mwanahistoria Mukongomani Didier Gondola aliandika kitabu kizima juu yao, Tropical Cowboys, mwaka 2016. Mutu asiyeelewa picha hawezi kutengeneza lugha mupya kutokana na picha.

4. Kalamu inabadilisha mukono

Mwafrika aliyechukua kalamu kuandika historia ya sinema ya Afrika kwa jicho la ndani alikuwa Paulin Soumanou Vieyra. Alizaliwa mwaka 1925 ku Porto-Novo, mu Dahomey ambayo leo ni Benin, akasoma ku shule kubwa ya sinema ya Paris, IDHEC. Mwaka 1955, pamoja na wenzake, alitengeneza Afrique-sur-Seine. Waliitengenezea Paris kwa sababu walikataliwa ruhusa ya kupiga picha mu Afrika; sheria ya Wafaransa ya mwaka 1934, ile ya waziri Laval, iliweka kila filme ya makoloni chini ya ruhusa ya wakubwa.

Kisha akaandika. Mwaka 1969 alitoa Le cinéma et l'Afrique. Mwaka 1972, kitabu juu ya rafiki yake Ousmane Sembène. Mwaka 1975, Le cinéma africain, historia tangu mwanzo mupaka 1973, nchi kwa nchi. Vitabu hivi vilitoka ku Présence Africaine, na wengi waliokuja nyuma waliokota kuni mu shamba lake. Vieyra alifariki mwaka 1987.

Kile cha 1972 kinanigusa zaidi. Ni kitabu juu ya mutengenezaji mumoja tu wa filme, Mwafrika, kilichoandikwa na Mwafrika anayejua kazi ile kwa mikono yake. Sembène alizaliwa mwaka 1923 ku Ziguinchor, mu Senegal. Alibeba mizigo ku bandari ya Marseille, akaandika riwaya, kisha akaona kwamba watu wake mwenyewe hawawezi kusoma Kifaransa chake. Njo maana alikwenda kusoma sinema ku Moscow, akarudi na kutoa Borom Sarret mwaka 1963. Mwaka 1968 akatoa Mandabi, ambayo watu wanaongea Kiwolof. Alizoea kusema kwamba sinema ni shule ya usiku. Ona tofauti: mu kitabu cha Van Bever, Mwafrika ni mutu wa kupimiwa, mu kitabu cha Vieyra, ni fundi ambaye kazi yake inachunguzwa, inasifiwa na kukosolewa. Kukosolewa vilevile ni heshima. Hakuna anayekosoa kazi ya mutoto.

5. Mwana wa Bukavu naye anasema

Sisi wa Kivu tuko na sababu ya kuendelea na habari hii. Mweze Ngangura alizaliwa ku Bukavu mwaka 1950, akasoma sinema mu Ubelgiji. Mwaka 1987, pamoja na Mubeleji Benoît Lamy, alitoa La vie est belle, na Papa Wemba ndani yake. Mwaka 1994 akarudi nyumbani na kamera, akatengeneza Le roi, la vache et le bananier, Mufalme, ng'ombe na mugomba, juu ya ufalme wa Ngweshe. Mwaka 1998 akatoa Pièces d'identités, habari ya mufalme muzee anayekwenda ku Bruxelles kutafuta binti yake. Mwaka 1999 ikashinda zawadi kubwa ya FESPACO ku Ouagadougou, Étalon de Yennenga.

Lakini Ngangura aliandika pia. Mwaka 1996, mu kitabu African Experiences of Cinema kilichokusanywa na Imruh Bakari na Mbye Cham, alitoa makala yenye swali mu kichwa chake: sinema ya Afrika ni ya kupigana siasa ao ya kufurahisha watu? Jibu lake lilielekea kwa watu: filme isiyopendwa na watazamaji wake itabaki mu masanduku ya festivali. Ndani ya maneno hayo ninasikia tena hadithi ya kuku. Mukoloni alidharau furaha ya mutazamaji kwa sababu alimuona mutoto. Lakini na mwanasiasa wa kwetu anaweza kuidharau, akisema watu wanapaswa kwanza kuamushwa. Wote wawili wanasahau kuuliza: mumeona nini, na muliona kwa nini?

6. Vitabu viko wapi, na vinaongea lugha gani?

Historia ya filme za ukoloni kwetu iliandikwa vizuri na Francis Ramirez na Christian Rolot. Kitabu chao juu ya Zaïre, Rwanda na Burundi kilitolewa mwaka 1985 na museo ya Tervuren, mu Ubelgiji. Mwaka 2006 Mubeleji Guido Convents alitoa Images et démocratie, juu ya Wakongomani mbele ya sinema tangu 1896 mupaka 2006. Juu ya vijana wa Goma na kamera zao, wale wa Yole!Africa, Chérie Rivers Ndaliko aliandika Necessary Noise mwaka 2016. Ni kazi za maana, na tunapaswa kuwashukuru wote walioziandika.

Lakini tuhesabu. Kile cha Vugiri, Kiingereza. Cha Van Bever, Kifaransa. Vya Vieyra, Kifaransa. Cha Gondola na makala ya Ngangura, Kiingereza. Kitabu juu ya Goma, Kiingereza. Kijana wa leo wa Uvira ao wa Kisangani anapiga filme na telefone, anaikata na kuiunganisha usiku umeme ukirudi, lakini akitaka kujua wazee wake walifanya nini na sanaa hii, anapaswa kwanza kupita mulango wa lugha mbili za kigeni. Na wazee walioona filme za kwanza, ambao wangeweza kusema "hapana, haikuwa vile," hawawezi kusoma yaliyoandikwa juu yao.

Msinielewe vibaya. Sisemi kwamba kijana bila kitabu hawezi. Dieudo Hamadi, mwana wa Kisangani, alifika mu orodha ya Cannes mwaka 2020 na filme yake En route pour le milliard, juu ya watu walioumizwa mu vita ya siku sita ya mwaka 2000, wanaoshuka muto mupaka Kinshasa kudai haki yao. Ninasema tu kwamba fundi asiyejua historia ya kazi yake anaweza kurudilia sheria za zamani bila kujua. Akipewa franka za kutengeneza filme juu ya kipindupindu, atamuonesha mama wa kijiji akinawa mikono polepole, polepole. Kisha atashangaa watu wakisema wameona kuku.

7. Kazi inayobaki

Nirudi kwa musemaji aliyesimama pembeni ya picha. Kazi yake haikufa. Mu Tanzania, msimulizi wa video aliyejulikana kwa jina Lufufu alizitia filme za kigeni maneno ya Kiswahili, na Matthias Krings aliandika juu yake mu African Appropriations mwaka 2015. Ni ukoo mumoja: mutu anayepokea picha ya mwingine na kuirudishia watu wake mu lugha yao. Ufundi huu una sheria zake. Lini unyamaze? Namna gani unaunganisha jina la kigeni na jina la mutaa? Sheria hizo hakuna Van Bever aliyeziandika, maana hakujua kwamba ziko.

Wazee waliozijua wanaondoka mumoja mumoja. Kwa hiyo ninaomba kila musomaji wa kijitabu hiki jambo dogo. Mutafute muzee mumoja mu jamaa ao mu parokia, mwanaume ao mwanamuke, mukae naye na telefone ikirekodi. Musimuulize kama sinema ilikuwa nzuri. Mumuulize: filme ilioneshwa wapi? Nani alishika mashine? Nani alieleza, na kwa lugha gani? Watu walicheka wapi? Nani alikatazwa kuingia? Kisha andikeni majibu kwa Kiswahili, hiki hiki tunachoongea, na muweke jina la muzee juu, kama yeye mwenyewe anakubali.

Tukikusanya karatasi kumi za namna hiyo, tutakuwa na mwanzo wa kitabu. Ndani yake, mara hii, yule aliyeona kuku njo atakayeeleza filme.